R Yenye Mguu

Mzee wa Yadi hakukubali herufi ipite mbele yake ikiwa peke yake. Ulipomtajia namba ya gari lako alikusikiliza mpaka mwisho, kisha akarudi mwanzo na kuanza kuuliza: B ya nini? C ya nini? Nawe ulitakiwa kuijibu kila moja kwa neno zima. B ya baiskeli. C ya chupa. D ya debe. Watu waliotoka mbali, karatasi ya mahakama mkononi na gari lao likionekana pale pale nyuma ya mgongo wake, walidhani anawachezea. Hakuwa anamchezea mtu. Kwa miaka yote niliyomfahamu sikumwona akicheza chochote, hata bao.

Yadi yenyewe ilikuwa nyuma ya ofisi moja ya serikali hapa Singida mjini, ukuta wa matofali pande tatu, waya upande wa nne. Humo yaliingizwa magari yaliyokamatwa kwa makosa ya kila namna: malori yaliyobeba mkaa au mbao bila kibali, pikipiki zisizo na karatasi, gari dogo lililokutwa na nyama ya porini chini ya kiti. Kuingia kulichukua dakika chache. Kutoka kulihitaji amri ya mahakama, na amri ilichukua miezi, mara nyingine miaka. Kwenye barua za kiserikali yeye aliitwa mtunza vielelezo, kwa sababu gari likishakuwa sehemu ya kesi linaitwa kielelezo. Sisi wengine tulimwita Mzee wa Yadi, na sidhani kama kuna aliyemwita jina lake zaidi ya mkewe.

Mimi nina duka la steshenari mkabala na mahakama. Nachapa, nadurufu, napiga picha za pasipoti. Wenye magari wasio na wakili, na hata baadhi ya wenye wakili, walikuja kwangu kuchapiwa maombi ya kuachiwa gari. Kwa hiyo karatasi zilianzia kwangu, zikapita kwa hakimu, zikaishia kwake. Zikiwa na kosa alizirudisha zilikoanzia, tena alizileta mwenyewe kwa baiskeli. Alisimama mlangoni, barakashia imenyooka, akasubiri nimalize na mteja. Nilipomwamkia shikamoo aliitikia marahaba kwa upole kabisa, ndipo akaweka karatasi juu ya kaunta na kuweka kidole mahali penye kosa. Kidole hicho kilinifundisha kazi kuliko chuo nilichosomea uhazili.

Ni yeye aliyenizoesha na mimi kuuliza "ya nini". Mwanzoni niliona aibu kumuuliza mtu mzima, mfanyabiashara mwenye malori, kwamba M yake ni ya nini. Baadaye nikazoea, na wateja wakazoea, mpaka ikawa duka zima wanaocheka ni wageni tu.

Gari lilipoingia aliliandikia orodha ya kila kilichokuwemo. Si orodha ya wengine, ile ya kusema "gari moja na vifaa vyake". Yeye alipanda ndani, akainua viti, akachungulia chini ya zulia. Nilichapa nyingi kati ya orodha hizo ziambatishwe kwenye majalada, na nyingine bado nazikumbuka. "Spea tairi moja, kipara. Jeki moja, nzima. Sufuria moja, ina masizi. Kiatu cha mtoto, cha kushoto, cha kulia hakikuonekana." Na ile iliyomletea matatizo: "Kanga moja, ina maneno. Maneno sikuyasoma, si yangu."

Kanga hiyo ilitoka kwenye lori la mfanyabiashara mmoja wa Shelui. Orodha ikasomwa mahakamani, na mke wa yule bwana alikuwa amekaa benchi la mbele, amekuja kumpa mumewe moyo. Kanga haikuwa yake. Yule bwana aliachiwa lori lake siku hiyo hiyo, lakini nasikia nyumbani hakuachiwa upesi. Alikuja yadini kulalamika, akamwambia mzee kwamba kanga angeweza tu kuiruka. Mzee alimjibu kwamba kanga ilikuwemo. Yule bwana akalalamika tena kwa urefu, na mzee akamjibu tena vile vile, kanga ilikuwemo.

Lakini katika yadi yake hakikupotea kitu. Nimesikia ya yadi nyingine, mtu anaingiza gari anatoka na bodi. Kwake, kama gari liliingia na betri lilitoka na betri, hata kama imekufa. Kama liliingia na leso juu ya usukani, leso ilikuwa pale pale, imepauka kwa jua, imekunjwa vile vile.

Kielelezo hakiguswi. Hilo alilisema mara nyingi kiasi kwamba vijana wa bajaji walilifanya mzaha, mmoja akikataa kumpa mwenzake sigara anasema kielelezo hakiguswi. Hata hivyo katikati ya magari hayo ambayo hayakuguswa, mzee alipanda mchicha na bamia, kwa kuwa kivuli cha malori kilitunza unyevu, na Singida maji si ya kuchezea. Kuku wake walitaga kwenye kabini ya lori moja la zamani lililovunjika kioo. Nilimuuliza siku moja kama kuku nao hawagusi vielelezo. Alifikiri kabla ya kunijibu. Akasema kuku hawakuajiriwa na serikali.

Zawadi hakupokea, wala hakuzikataa kwa maneno. Mfugaji mmoja wa Ikungi, aliyekuwa akilifuatilia gari lake kwa muda mrefu, alimletea mbuzi. Hakuwa na nia mbaya, ndivyo tulivyolelewa, humwendei mtu mikono mitupu. Mzee alimpokea mbuzi, akamfunga kwenye nguzo, akafungua daftari na kuandika: mbuzi mmoja, dume, mweupe, sikio la kulia lina kovu. Akamwomba mfugaji atie sahihi. Yule mfugaji akashtuka, akauliza kwa nini mbuzi anaandikwa. Mzee akamweleza kwamba chochote kikiingia yadini lazima kiandikwe, na kikishaandikwa utaratibu wa kukitoa anaujua. Mfugaji alikuja dukani kwangu mbio, jasho linamtoka, akitaka nimchapie maombi ya kuachiwa mbuzi. Ilibidi nifunge duka niende kumwombea, na mzee alikata ule mstari kwenye daftari kwa rula, taratibu, akamfungua mbuzi. Mpaka leo sijui kama alikuwa anatania. Uso wake haukuonyesha.

Nisimfanye malaika. Alikuwa mgumu, na ugumu wake uliumiza watu. Nilimwona akimrudisha mama mjamzito, aliyetoka kijijini asubuhi kufuata pikipiki ya mumewe, kwa sababu muhuri wa mahakama umefifia na neno moja halisomeki. Yule mama alikaa juani nje ya geti akilia, na mzee alimpelekea kigoda na maji ya kunywa, akarudi kukaa kwenye meza yake. Pikipiki hakumpa. Siku hiyo nilimchukia. Nilimwambia kwamba moyo wake nao ungefaa uandikwe kwenye orodha, mmoja, mgumu, na alinisikiliza bila kukasirika. Alijivunia pia mwandiko wake, kupita kiasi. Ukisifia chai ya mkewe alinyamaza, ukisifia mwandiko wake alikuonyesha ukurasa mwingine.

Na hakujua kuendesha gari. Mtu aliyelala na kuamka na magari, aliyejua namba ya injini ya kila moja, hakuwahi kushika usukani, na kupanda alikuwa anaogopa. Sisemi hakupenda. Aliogopa, na aliikiri hofu yake bila aibu. Kulipotokea msiba Ikungi, wafanyakazi wenzake walikodi basi dogo, yeye akaondoka alfajiri kwa baiskeli, akafika watu wameshazika wanakula. Nilipomuuliza alinipa jibu ambalo nimelirudia kwa watu wengi tangu siku ile.

"Mimi magari nayajua yakiwa yamesimama," alisema. "Yakitembea siyajui."

Sasa nifike kwenye Kenta ya kaka yangu, maana bila hiyo ningekuwa nakumbuka vituko tu.

Kaka anaishi Kiomboi. Kwa miaka mingi alikuwa mpakizi kwenye malori ya watu, anabeba magunia ya alizeti mgongoni, mpaka akafanikiwa kupata Kenta yake mwenyewe, lori dogo, kuukuu lakini yake. Alikusanya alizeti vijijini na kuileta kwenye mashine za kukamua hapa mjini. Kenta ile ndiyo iliyomlisha mama yetu na watoto wanne wa kaka, na ndiyo iliyomfanya aamkiwe kwa heshima na watu waliozoea kumwita kwa kumpigia mluzi. Siku moja kaka akiwa kitandani na malaria, dereva wake alipeleka mzigo, na wakati wa kurudi akapakia mkaa wa mtu bila kibali. Walimkamata Shelui. Dereva akafunguliwa kesi, Kenta ikaletwa kwa Mzee wa Yadi. Mavuno ya alizeti yalikuwa ndiyo yanaanza.

Mwenye gari ambaye hakujua kosa lililotendeka anaweza kuiomba mahakama imwachie gari lake. Maombi ya namna hiyo nilikuwa nimewachapia watu wasiohesabika, kwa hiyo ya kaka niliona ni kazi ndogo. Nakala ya kadi ya gari aliyonitumia ilikuwa imekunjwa na kuchanika pale pale penye namba, na kadi yenyewe ilikuwa ndani ya Kenta, ambayo haiguswi. Badala ya kwenda yadini kuitazama, nikampigia simu anitajie kwa kichwa. Tarakimu zilisomeka, tatizo likawa herufi. Nilifanya kama nilivyofundishwa.

"B," kaka akasema.

"Ya nini?"

"Ya baba."

"Ya pili?"

"Ala."

"Ya nini?"

"Ya luhusa."

"Ya tatu?"

"Eli. Ya limau."

Nikaandika B, L, L.

Mtu wa pwani akilisoma hili ataniona mjinga, kwa hiyo nieleze. Sisi ni watu wa Iramba, na nyumbani kwetu tunasema Ilamba. Katika kinywa cha kaka yangu R haijawahi kukaa. Mimi mjini nimejifunza kuitamka, wateja hawanijui, lakini nikizungumza na kaka ulimi wangu unarudi Kiomboi na sikio linaufuata. Aliposema luhusa nilisikia neno zima, lenye maana, halina kasoro. Ile "ala" nilidhani ni "eli", simu inakwaruza. Namba ya Kenta ilikuwa BRL. Niliyoipeleka mahakamani, ikaapiwa, ikasikilizwa, ikaandikwa kwenye amri na kugongwa muhuri, ilikuwa BLL.

Hakimu alikubali maombi Ijumaa asubuhi. Kaka alikuja kutoka Kiomboi amevaa shati la Krismasi. Tulikwenda yadini pamoja, nami nikiwa nimejaa maringo, nikimwambia njiani kwamba mzee huyu ni mtu wangu, leo tutamalizana upesi. Mzee alisoma amri, akatoka nje, akasoma namba ya Kenta, akarudi, akaketi.

"Hili silo nililonalo," alisema.

Kaka akamwonyesha kwa mkono. Kenta ilikuwa hatua kumi kutoka tulipokuwa, na mche wa mchicha umeota karibu na tairi.

"Mimi naliona," mzee akasema. "Karatasi hailioni."

Niliitazama ile amri, nikaitazama Kenta, nikaelewa yote kwa mara moja, na badala ya kuona aibu nikapandwa na hasira. Nilimkumbusha tumefahamiana miaka mingapi. Nilimwambia herufi moja, mzee, herufi moja tu, na gari unalijua. Akanisubiri niishiwe. Kisha akaeleza kwamba akilitoa kwa karatasi hiyo, litakamatwa tena Shelui kabla ya jioni, na safari hiyo watasema limeibwa yadini, na kaka atakuwa mshtakiwa badala ya kuwa mwombaji. Kaka alimuuliza kwa upole afanye nini. Mzee akamwambia arudi mahakamani, kosa la herufi hakimu hulirekebisha kwa kalamu.

Tulirudi. Hakimu alikuwa ameshaondoka kwa likizo, hata gari lililompeleka lilikuwa halijarudi. Karani alituambia tusubiri mpaka Jumatatu ya wiki ya pili. Na kwenye ubao wa matangazo, wakati tunatoka, kaka aliona karatasi iliyobandikwa siku ile ile: orodha ya magari yasiyo na wadai, yatakayouzwa kwa mnada Alhamisi. La nne lilikuwa Kenta, BRL. Kwa mujibu wa karatasi zote, gari hilo halikuwa limeombwa na mtu yeyote. Gari lililoombwa lilikuwa BLL, ambalo halikuwepo yadini.

Kaka alikaa kwenye ngazi za mahakama akavua viatu. Sikuwahi kumwona akikaa hivyo tangu baba alipofariki. Hakunilaumu. Aliuliza tu atamweleza nini mama, na hilo lilinichoma kuliko lawama.

Nilirudi yadini peke yangu kumweleza mzee. Sikujua namwomba nini. Alisikiliza, akaniuliza ilikuwaje L ikaingia, nikamsimulia ile simu, neno kwa neno, pamoja na luhusa. Yeye alikuwa mtu wa upande wa Ikungi, Mnyaturu, na siku zote alitutania watu wa Iramba kuhusu ulimi wetu, lakini siku hiyo hakutania. Alivuta karatasi, akaandika barua kwa mkono kwenda kwa mkuu wake, nakala mahakamani. Niliisoma kabla hajaikunja. "Gari namba BLL halipo yadini wala halijawahi kuwepo. Gari namba BRL lipo, na linadaiwa na mtu ambaye ulimi wake hauna R. Gari linalodaiwa si gari lisilo na mdai. Naomba lisiuzwe."

Mkuu wake alicheka alipoisoma, kisha akakasirika. Alisema tangazo limeshatoka na mtunza vielelezo hana mamlaka ya kubadili orodha. Hilo lilikuwa kweli. Mzee hakubishana.

Alhamisi tulikwenda mnadani, kaka na mimi, kwa sababu kukaa nyumbani kulishindikana. Wanunuzi walikuwa wengi. Wawili walikuwa wameshaizunguka Kenta ya kaka, wanapiga mateke matairi. Mzee alitoka ofisini na kigoda chake, akakiweka mbele ya bampa, akakaa, nakala ya barua magotini. Walipofika kwenye gari la nne, mkuu wake alimwambia asogee. Nilikuwa karibu, nilisikia kila neno.

"Niandikie," mzee alisema.

"Nikuandikie nini?"

"Kwamba gari linalodaiwa liuzwe. Andika, weka sahihi, nami nitasogea."

Hakupaza sauti. Alitoa hata kalamu mfukoni, akamnyooshea. Mkuu alimtazama, akaitazama kalamu, akawatazama watu waliokuwa wanasubiri. Dalali akauliza kama waendelee. Mkuu akasema waende kwenye la tano. Mzee alibaki amekaa pale mpaka gari la mwisho liliponunuliwa, kwenye jua lote lile, na kaka akasimama nyuma yake akimkinga kwa mwavuli wangu.

Nilimuuliza baadaye kwa nini alihatarisha kazi akiwa amebakiza muda mfupi astaafu. Aliniambia kwamba mwaka wake wa kwanza yadini aliwahi kutoa pikipiki kwa mtu siye, kwa kuchanganya sita na tisa. Mwenye pikipiki alikuja siku mbili baadaye na karatasi zake sahihi. Mzee hakuniambia yule mtu alisema nini. Alisema tu kwamba uso wake anaukumbuka, na kwamba tangu hapo ndipo alipoanza kuuliza.

Hakimu aliporudi alikata L, akaandika R juu yake, akaweka sahihi na muhuri. Kazi ya dakika moja. Siku ya kutoa Kenta mzee alisoma orodha yote, kitu kwa kitu, na kaka akatia sahihi kila mstari. Turubai moja, lina viraka vitatu. Kamba mbili. Kitunguu kimoja, kimeota. Kaka alikipokea kile kitunguu kwa mikono miwili, machozi yanamtoka, na mimi nikageuka nikatazama ukuta.

Kenta haikuwaka. Betri ilikuwepo lakini imekufa, kama nilivyosema. Tukaanza kuisukuma, kaka, mimi, na wapita njia watatu, na mzee alisimama kando mikono nyuma, anatazama. Moyoni nikasema hata leo hagusi. Tairi la nyuma lilipovuka tu mstari wa geti, aliweka daftari chini, akaja, akaegemeza bega kwenye bodi na kusukuma pamoja nasi mpaka ikawaka. Ilikuwa si kielelezo tena.

Tangu siku hiyo hakuuliza tena "ya nini" kwa herufi hizo mbili. Aliniambia kosa la Kenta lilikuwa lake pia, alidhani maneno yanatosha, kumbe neno nalo linapitia kwenye ulimi. Kwa R na L akaanza kuuliza inafananaje. L imekaa chini. R ina mguu umetupwa nje. Wazee wasiojua kusoma waliweza kumjibu hilo, na mimi dukani nikafuata. Hadi leo mteja wa Kiomboi akinitajia namba namuuliza: yenye mguu au iliyokaa?

Alistaafu, kwenye nafasi yake akaja dada mmoja mchapakazi mwenye kompyuta, na mchicha ukang'olewa. Mzee akabaki nyumbani kwake Mandewa. Nilimtembelea mara chache kuliko nilivyopaswa, na sina sababu ya maana ya kutoa. Mwaka huu mkewe alikuja dukani. Alisema mzee haoni tena, macho yote mawili yamefunga utando, na madaktari wa macho watakuwa Kiomboi wiki ile kuwasafisha watu macho. Baiskeli haiwezekani, na basi amelikataa. Amesema heri akae gizani. Yule mama alikuja kuniuliza kama nina neno la kumwambia.

Nilimpigia kaka.

Kaka alifika Mandewa asubuhi na Kenta imeoshwa, kiti cha mbele kimetandikwa kanga mpya. Tulimkuta mzee amekaa uani, amevaa, barakashia imenyooka, na amekwisha kumwambia mkewe kwamba haendi. Nilimwamkia. Aliniitikia na kunitambua kwa sauti, akaniuliza nimekuja na nini. Nikamwambia nimekuja na kaka, na gari lake.

"Gari gani?"

Kaka akajibu kwa fahari namba nzima, akamalizia kwa herufi. "B ya baba, ala ya luhusa, eli ya limau."

Mzee akanyoosha mkono, mkewe akamwinua, akaomba apelekwe mbele ya gari. Tulimsogeza taratibu. Akachuchumaa kwa shida, akatafuta bampa, akapanda kwa vidole mpaka kwenye kibati cha namba, akakifuta vumbi kwa kiganja. Akaanza upande wa kushoto, tarakimu moja moja, bila haraka, midomo inatembea. Akafika kwenye B, akaizunguka. Kwenye herufi iliyofuata vidole vilisimama. Vilishuka, vikapanda, vikashuka tena kwa upande wa kulia, na sisi wote watatu tukamsubiri kama tulivyokuwa tukimsubiri getini.

"Mguu upo," alisema.

Akaipapasa na ile ya mwisho, akainuka, akamuuliza kaka mlango uko upande gani.